Hiyo kamba kaisahau Florence? Nina hasira na wachambuzi wa filamu za Kifaransa

Wakuu, nipisheni niteme nyongo.

Juzi mtu katupia kwenye grupu letu la filamu uchambuzi wa Ascenseur pour l'échafaud, ile filamu ya mwongozaji Louis Malle ya 1958. Mstari mmoja: "Tamaa ya mwanamke imemponza kijana wa watu." Likes kibao! Chini yake mwingine kamalizia kwa neno "malaya". Hivi mliiangalia au mlisimuliwa?

Julien, mpenzi wa siri wa Florence, ni komando, kapigana Indochina na Algeria. Anapanda kwa kamba mpaka ofisini kwa bosi wake, ambaye ndiye mume wa Florence, anampiga risasi, anapanga vitu ionekane mzee kajiua. Kazi safi. Anashuka, anawasha gari, anainua macho: kamba inaning'inia nje ya jengo, watu wanapita chini! Anarudi kuitoa huku gari linaunguruma barabarani bila mtu. Mlinzi anazima umeme afunge jengo, komando wenu anakwama kwenye lifti mpaka asubuhi. Gari linaibwa na vitoto viwili vinavyokwenda kuua watalii wa Kijerumani.

Sasa niambieni, hapo Florence kamponza wapi?

Sisemi hana hatia. Alitaka mumewe afe, na filamu inaanza na uso wake kwenye simu akimhimiza Julien. Mhukumuni kwa hilo, sawa. Ila usiku kucha anazunguka Paris akimuulizia baa hadi baa. Mpiga picha Henri Decaë hakumwekea hata taa, ni mwanga wa vioo vya maduka tu ya Champs-Élysées, unaona mpaka uchovu chini ya macho ya Jeanne Moreau, aliyeigiza Florence. (Tarumbeta ya Miles Davis hapo sitaisema, nitalia.) Alfajiri polisi wanamzoa, hana vitambulisho, wanamchukulia kama changudoa. Wakijua ni mke wa tajiri Carala, ghafla adabu zinarudi.

Na anakamatwaje? Anamfuatilia yule kijana mwizi ili Julien asibebeshwe mauaji ya Wajerumani. Kwenye chumba cha kusafishia picha, ndani ya beseni la dawa, inaibuka picha yake na Julien, wamekumbatiana, wanacheka. Wamepigwa kwa kamera ya Julien, aliyoiacha kwenye gari lile lile! Inspekta anaangalia tu. Kucheka kule ndiko kumemfunga.

Halafu mnasema mambo ya zamani. Chukueni filamu ya Anatomie d'une chute ya Justine Triet, iliyobeba Palme d'Or, tuzo kuu ya Cannes, 2023: mume kaanguka kutoka juu ya nyumba yao, mwendesha mashtaka kule Grenoble anakazana na wanawake aliolala nao Sandra, mke wa marehemu anayeshtakiwa, na riwaya aliyoandika. Sandra aliachiwa, lakini mahakama nzima ilishapita chumbani kwake na viatu.

Wewe wa "malaya", najua unasoma hapa. Rudi kaangalie pale Julien anaposhuka, ukiiona kamba njoo tuongee.

Mods, msiunganishe huu uzi.