Ngosi, Daraja la Mungu, Kijungu, Kaporogwe na Masoko kwa siku moja: nikiwa na mama mwenye magoti mabovu, inawezekana?

Mama Tumaini (mwanzisha uzi)

Wakuu habari zenu. Naomba ushauri wa wenyeji wa Mbeya na Rungwe, na yeyote aliyewahi kuzunguka huko.

Juni tunakuja Mbeya kwenye harusi ya mdogo wangu. Harusi ni Jumamosi, basi la kurudi Dar ni Jumanne alfajiri, kwa hiyo Jumatatu nzima tuko huru. Tutakuwa wanne: mimi, dada yangu, mwanangu wa kidato cha kwanza na mama yetu mzazi. Mama ana miaka 67. Kutembea tambarare anatembea vizuri tu, ila magoti yanamsumbua kwenye mteremko. Mtoto ndiye chanzo cha yote haya. Tangu wafundishwe volkano darasani hana mada nyingine, anataka aione kasoko, yaani shimo la mdomo wa volkano, kwa macho yake.

Nimeunganishwa na kijana anayetembeza watu kwa gari lake, tuwe sisi peke yetu bila kuchanganywa na kundi lingine. Ratiba aliyonitumia ni kutoka Mbeya mjini saa tatu asubuhi, kwenda Ziwa Ngosi, Daraja la Mungu (daraja la mwamba la asili), Kijungu (mto unapozama kwenye shimo la mwamba), maporomoko ya Kaporogwe, Ziwa Masoko, halafu saa kumi na mbili jioni tumerudi hotelini. Bei laki nne kwa gari, anasema "kila kitu humo ndani".

Maswali yangu: ratiba hiyo inatekelezeka kweli? Mama aende wapi na asiende wapi? Na kabla sijatuma malipo ya awali nimuulize nini? Sitaki mama ashinde amekaa garini anatusubiri, maana hii safari ni yake pia. Tangu azaliwe hajafika nyanda za juu.

DerevaWaUyole

Karibuni sana Mbeya dada, na hongereni kwa harusi.

Njia hiyo naiendesha kila mara, nikuambie ukweli: kwa kutoka saa tatu hiyo ratiba haiwezekani. Hata mkitoka saa kumi na mbili asubuhi mtaikimbiza na hamtafaidi kitu.

Hebu hesabu na mimi. Mkitoka mjini mnapita Uyole, mnaiacha barabara ya Dar mnashika ya Tukuyu. Mkifika Isongole mnaacha lami mnaingia ya vumbi kuelekea msitu wa Ngosi, na ikinyesha hiyo vumbi inakuwa utelezi mtupu. Gari linafika mahali linasimama, kutoka hapo ni miguu. Mtu wa Dar ambaye hajazoea mwinuko mpe saa moja na nusu hadi ukingo wa juu. Mkae pale mpige picha, mshuke taratibu. Ukirudi kwenye lami ni saa saba mchana, na bado hamjaona tone la maporomoko. Kiwira kwenda Daraja la Mungu nako ni kuiacha lami, na Kaporogwe iko mbele ya Tukuyu, ukishika njia ya Kyela unaingia tena vumbi. Masoko nayo ina upande wake. Juni kufika saa moja usiku giza limeshaingia, na ile barabara ina kona, ukungu na malori ya Malawi. Sipendi kuiendesha usiku nikiwa na familia ya watu.

Halafu saa tatu ni kuchelewa kwa Ngosi. Ile sehemu asubuhi mara nyingi iko wazi, mchana ukungu unapanda unajaza shimo lote. Nimeshapeleka watu wakafika juu wakakuta weupe mtupu, wakageuka bila kuona hata ukingo wa maji.

Ushauri wangu ni mchague. Ama Ngosi na kitu kimoja cha Kiwira, ama muiache Ngosi mpite Daraja la Mungu, Kijungu, Kaporogwe na Masoko kwa utulivu. Kwa mama mwenye magoti mimi nachukua la pili bila kufikiri mara mbili.

KijanaWaKK

Kaporogwe usiikose dada. Juni mvua ndiyo kwanza zimekwisha, maji bado ni mengi. Ukiwa umesimama pale juu unahisi kifua kinatetemeka.

Mwalimu_Tukuyu

Mama Tumaini, shikamoo kwa mama. Nafundisha jiografia huku huku, niongee kwa ajili ya huyo kijana maana swali lake limenifurahisha.

Rungwe ni mahali ambapo matawi ya Bonde la Ufa yanakutana, na ndiyo sababu kila unapotazama ni kazi ya volkano. Ngosi ni kaldera, yaani mlima uliomwaga tumbo lake kwa mlipuko halafu kilele kikadidimia. Watafiti wanaukadiria mlipuko wake mmoja mkubwa kuwa wa miaka kama 12,000 iliyopita. Mlima Rungwe wenyewe ulilipuka vibaya miaka 4,000 hivi iliyopita, majivu yake ndiyo sehemu ya udongo huu unaobeba ndizi, chai na maparachichi yetu. Mlima Kyejo ndio uliolipuka karibuni zaidi, ulitoa lava ubavuni mwake yapata mwaka 1800, na wazee wa Kinyakyusa wamelipokea simulizi lake kutoka kwa waliowatangulia. Kwa hiyo asikubali akiambiwa volkano za huku zimekufa. Zimelala.

Sasa kuhusu kasoko. Si lazima apande Ngosi ili aione. Ziwa Masoko, wenyeji wengine wanaliita Kisiba, ni kasoko pia, ila la aina nyingine. Pale uji wa moto ulikutana na maji chini ya ardhi, mvuke ukalipua shimo, shimo likajaa maji. Ni dogo, karibu duara, na liko kwenye mita 840 tu kutoka usawa wa bahari, wakati ukingo wa Ngosi unapita mita 2,600. Mama atashuka garini na kulikuta ziwa hapo hapo, na joto la pale litamfaa kuliko baridi ya milima ya Uporoto, iliko Ngosi. Pembeni kuna boma la Wajerumani la wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, na kwenye ziwa hilo zimekuwa zikiokotwa sarafu zao. Akimsikiliza vizuri mwenyeji atakayewapokea, ataondoka na somo la historia pia.

Daraja la Mungu mwambie aliangalie kwa makini pembeni, asiishie kupiga picha kwa juu. Ni mwamba wa bazalti, lava iliyoteremka bondeni kwa Mto Kiwira ikapoa na kuganda, na mto ukajitafutia njia chini yake. Akiinama upande wa chini ataona mwamba ulivyopinda kama mgongo wa ng'ombe, maji yanapita tumboni. Kijungu hakiko mbali na hapo. Mto mzima unabanwa kwenye mwamba, unazunguka ndani ya shimo na kupotea machoni, kisha unatokea mbele. Hapo mshikeni mkono. Mwamba umelowa muda wote, na akiteleza hakuna wa kumfuata.

BintiSafwa

Nawaheshimu walionitangulia ila sikubaliani nao kuhusu Ngosi.

Mtoto aliyetoka Dar kwa ajili ya volkano, mnampitisha Isongole bila kumpandisha? Mimi nimezaliwa chini ya mlima ule. Kuna hatua moja unatoka kwenye miti, ule msitu umejaa migomba mwitu na kuvumwani, halafu ghafla ardhi inakwisha mbele yako. Chini kabisa kuna ziwa la kijani, kuta zimelizunguka pande zote, hakuna mto unaotoka. Watu wazima huwa wananyamaza pale. Wazee wetu hawalichukulii kama mahali pa kuchezea, na mpaka leo wapo wanaokwenda kwa ajili ya dawa na maombi. Masoko ni pazuri, nimefika, lakini hapafanani na Ngosi hata kidogo.

Gaweni msafara. Dada mmoja na mtoto wapande Ngosi asubuhi na mwongoza njia wa kijijini, mama na dada mwingine wapumzike Kiwira wanywe chai, mkutane saa sita mwende Daraja la Mungu wote.

DerevaWaUyole

BintiSafwa hujakosea kuhusu uzuri wake. Ila mwenye uzi amesema hataki mama akae kusubiri. Ukigawa msafara, mama anasubiri asubuhi nzima, na Kaporogwe inakufa.

MpandaTazara

Kuhusu malipo niseme kidogo, maana hapa watu wengi wanaumia.

"Kila kitu humo ndani" ni maneno matupu mpaka yaandikwe. Tulikodi gari na mwongozaji, simtaji, tukaelewana hivyo hivyo kwa mdomo. Kufika getini kwa misitu akatugeukia, kiingilio ni chenu. Kwa mwongoza njia wa kijiji, ni wenu. Chakula, chenu. Saa tisa akaanza kutazama saa, akasema njia ya Kaporogwe imeharibika tugeuze. Tulipouliza bodaboda wa pale wakasema wanapita kila siku.

Kwa hiyo dada, muulize kwa meseji, usiulize kwa simu, ubaki na maandishi. Mafuta ni ya nani? Viingilio anavilipa nani, na risiti ya serikali mtapewa? Ngosi iko kwenye msitu unaosimamiwa na TFS, wakala wa misitu wa serikali, malipo yao yanapita kwenye mfumo wa serikali, mtu asikusanye noti mkononi bila karatasi. Sehemu ikishindikana kwa mvua anawapeleka wapi badala yake, au anarudisha kiasi gani? Mwombe picha ya leseni yake ya TALA (ya biashara ya utalii) na stika ya LATRA (mamlaka ya usafiri wa ardhini) ya gari. Mtu anayefanya kazi hii kihalali hakasiriki kuulizwa hivyo. Na gari liwe la juu. Noah inafika sehemu nyingi ukame ukiwa mkali, lakini Juni mapema bado kuna matope, nyie mnatoka harusini, hamtaki kusukuma gari.

Malipo ya awali usitume zaidi ya theluthi.

Mama Tumaini

Mungu awabariki, sikutegemea majibu ya kina hivi. Mwalimu, marahaba anakusalimu mama, nimemsomea majibu yote.

Nimemuuliza mwenyewe bila kumwelekeza. Kanijibu: "Mlima niwaachie wenye magoti, mimi nataka maji yanayoanguka." Kwa hiyo kwake ni Kaporogwe. Mtoto nimemsomea maneno ya BintiSafwa, kasikitika, lakini alipofika kwenye kasoko la Masoko lililotokana na mvuke akataka nimsomee tena. Tumekubaliana Ngosi tutaipanga likizo ya Desemba, tulale Isongole au Tukuyu, tupande alfajiri sisi watatu.

Yule kijana nimemtumia maswali ya MpandaTazara. Amejibu yote, katuma na leseni. Viingilio amesema vilikuwa nje ya laki nne, ameomba radhi kwamba hakufafanua. Nikiondoa Ngosi ameshusha hadi laki tatu na nusu, viingilio juu yetu. Gari ni Prado. Naona tumeelewana.

Yaliyobaki mawili. Tuanzie wapi? Na Kaporogwe mama atafika hadi pale chini?

KijanaWaKK

Kuanzia: Kaporogwe kwanza asubuhi, nguvu zikiwepo. Halafu Masoko, Tukuyu chakula, Daraja la Mungu mkiwa mnarudi.

BintiSafwa

Desemba ni katikati ya mvua dada, Ngosi itawatesa kwa utelezi. Kama ratiba ya shule inaruhusu, njooni Septemba. Kama ni Desemba tu, leteni viatu vya meno, na fimbo mtakatiwa pale pale. Msiteremke majini hata mkishawishiwa, ukuta ule ni wima na ukilowa hauna pa kushika.

Mwalimu_Tukuyu

Kaporogwe mama asiteremke chini kabisa. Gari linasimama upande wa juu, na kutoka pale maporomoko anayaona vizuri, yanaanguka karibu mita 40 kwenye bonde la kijani. Njia ya kushuka ni ya ngazi na udongo, ina mwinuko, na kurudi ndiko kunakoua magoti. Ninyi na kijana shukeni mpaka kwenye pango lililo nyuma ya maji, msimame ndani yake muone pazia la maji kwa nyuma. Mmoja abaki juu na mama. Mbebeeni kiti cha kukunja na kitenge kizito, upepo wa maji unaleta baridi hata jua likiwaka.

Mpango wa KijanaWaKK nauunga mkono, naongeza tu kwamba mtoke Mbeya saa kumi na mbili na nusu. Daraja la Mungu na Kijungu viko upande wa Chuo cha Magereza cha Kiwira, getini wanaandikisha wageni, kwa hiyo watu wazima wote wabebe vitambulisho na mkafike kabla ya saa tisa. Kamera ya kurusha angani iacheni hotelini, na hata ya simu ulizeni kwanza kabla ya kuelekeza kwenye majengo.

Kama muda utabaki, mwulizeni mwongozaji awaonyeshe kwa mbali upande wa Kyejo na Ikama, ambako gesi ya kabonidayoksaidi inatoka ardhini yenyewe na kuna kiwanda kinaivuna. Kijana ataelewa mlima uliolala unavyopumua. Msimwache atangulie kwenye mabonde au mashimo ya upande ule bila mwenyeji, gesi hiyo haionekani, ni nzito kuliko hewa, inajikusanya chini.

Mama Tumaini

Asante sana mwalimu. Chakula cha Tukuyu tuagize mapema au tukute?

DerevaWaUyole

Agizeni mapema, Jumatatu wapishi wengi hawapiki sana. Mwambieni kijana wenu apige simu asubuhi mkiwa Uyole, waseme mbalaga (ndizi za kupika) ya nyama kwa watu watano, na yeye mumhesabu. Mama akipenda parachichi nunueni Kiwira mkiwa mnarudi, mle njiani, ya kwenda nayo Dar chagueni yaliyo magumu.