Macho ya mbwa baada ya operesheni: serumu, maji ya chumvi ao chai?

MamaHimbi: Habari zenu wandugu wa Goma. Mbwa wetu alipasuliwa kope la jicho la kushoto, lilikuwa limejikunja kwa ndani na manyoya yanamkwaruza. Nyuzi ziko bado. Kila asubuhi tongotongo zimekauka, kope zimegandana. Jirani anasema nioshe na chai, shemeji anasema maji ya chumvi, farmasi wananipa serumu (maji safi ya chupa yasiyo na vijidudu). Ninyi mnatumia nini?

PapaKatindo: Serumu, mama, usizunguke. Ila iwe ya chumvi, 0.9%, sio ya glukozi. Soma chupa vizuri, zinafanana. Chumvi yake inakaribia ya machozi, kwa hiyo haimchomi. Chukua vile vichupa vidogo vya kuosha pua za watoto. Chupa kubwa ikishafunguliwa inaingia vijidudu.

KivuKwetu: Kama pesa hazitoshi, chemsha maji lita 1, tia gramu 9 za chumvi (kijiko cha chai kimoja na nusu, kilichosawazishwa), yapoe, utumie siku hiyohiyo tu. Mimi nayatumia kwa macho ya kawaida yenye vumbi. Kwa jicho lenye nyuzi ningetafuta serumu hata kwa kukopa.

DadaBirere: Chai hapana! Inaacha mabaki, tena inapaka manyoya rangi, hutajua usaha umeanza lini.

Zaidi ya maji, angalia mkono wako. Nawa kwa sabuni. Lowesha kompresi (kitambaa safi cha gozi), iweke juu ya jicho lililofungwa, iache mpaka gamba lilainike lenyewe. Usilibandue kwa ukucha, utavuta uzi. Kisha futa taratibu toka upande wa pua kwenda nje, kila mara na kompresi mpya. Pamba usitumie, nyuzinyuzi zake zinanasa kwenye mshono. Na hili vumbi letu jeusi la lava linakwaruza kweli, mbwa asilale karibu na barabara.

MamaHimbi: Asante dada. Na kolereti, ile kola ya shingoni ya kumzuia asijikune? Anailia usiku kucha, watoto wanamuonea huruma.

PapaKatindo: Ibaki, hata usiku. Akikuna mara moja tu kwa makucha, kazi yote ya daktari imekwenda. Ukimaliza kusafisha ngoja dakika tano, tia matone, ngoja tena, ndipo pomada (dawa ya jicho ya kupaka). Lakini matone aliyoandika veterineri tu! Yale yaliyobaki nyumbani mara nyingi yana deksametazoni (dawa ya steroidi), na kama kioo cha jicho (ngozi angavu ya mbele) kina kidonda, yanaweza kukichimba mpaka kitoboke.

MamaHimbi: Leo yanatoka maji meupe, kidogo kahawia pembeni.

DadaBirere: Hayo ni ya kawaida. Yakigeuka njano ao kijani, akikaza jicho hataki kulifungua, kioo kikiwa na ukungu wa bluu, ao uzi ukiachia, mrudishe kwa veterineri siku hiyohiyo, usingoje asubuhi.