Mrejesho: Dragon Ball FighterZ ya PS4, nimeichukua

Wakuu, niliuliza hapa kama CD ya Dragon Ball FighterZ ya PS4 bado inafaa kununua maana gemu lenyewe, la kupigana, ni la 2018, basi nimechukua yuzdi na sijuti. Picha bado kali balaa, ni 3D ila utadhani katuni imechorwa kwa mkono. Mnapigana wahusika watatu kwa watatu, kila mchezaji na timu yake, ukibonyeza kitufe kimoja mfululizo kombo (mapigo yanayofuatana) inatoka yenyewe, dogo wangu ananichapa hivyohivyo na mdomo juu. Onlaini ndo mtihani, rolbaki (mfumo wa kufanya mechi za mtandaoni zisikwamekwame) ya 2024 ilienda PS5, Xbox Series na PC, sisi wa PS4 hatumo. Kama una mtu wa kucheza nae sebuleni chukua tu, ila tafuta padi ya pili kwanza.