Nyie mnaotengeneza programu za mizani ya miwa, siku ya mwisho ya mwezi mnaipeleka wapi?

Jameni, hili limezidi. Kuanzia Muhoroni hadi Busia, huku Kenya, ni wimbo uleule: mkulima ana risiti za mizani mkononi, ripoti ya mwezi inaonyesha safari pungufu. Karani analaumiwa bure. Kosa liko kwenye mstari huu wa SQL, lugha ya kuuliza hifadhidata:

WHERE muda BETWEEN '2025-03-01' AND '2025-03-31'

Safu ya muda ina tarehe na saa. Ukiandika '2025-03-31' bila saa, hifadhidata inaisoma kama saa sita kamili usiku (00:00), siku inapoanza. Trekta lililopimwa saa moja asubuhi tarehe 31 liko nje. Siku nzima imeenda!

Halafu anatokea fundi na "dawa" yake: anasogeza mpaka hadi '2025-04-01'. BETWEEN hujumuisha ncha zote mbili, kwa hiyo lori la saa sita kamili usiku linahesabiwa Machi na Aprili pia. Mwingine anabandika 23:59:59. Safu ikihifadhi vipande vya sekunde, rekodi ya 23:59:59.5 inapotea. Acheni viraka. Andikeni hivi:

SELECT COUNT(*) FROM mizani
WHERE muda >= '2025-03-01' AND muda < '2025-04-01';

Mwanzo umo, mwisho haumo. Mwezi uwe na siku 28 au 31, haikusumbui. Na msiifunge safu ndani ya DATE(muda), inayoondoa saa na kubakiza tarehe, ati ndiyo njia rahisi. Mara nyingi faharasa ya kawaida ya muda (index, orodha ya kutafutia haraka) haitatumika, na jedwali la misimu mitano litasomwa mstari kwa mstari huku foleni ikingoja getini.

La saa za seva ndilo linaloudhi zaidi, kwa sababu halionekani. Seva nyingi za kukodi huwa kwenye UTC, saa rasmi ya kimataifa, saa 3 nyuma yetu. Lori la saa nane usiku (02:00), Aprili 1, linaandikwa Machi 31 saa 23:00. Miwa hupimwa usiku kucha, kwa hiyo kila siku mnahamisha saa tatu za kazi! Kama muda umehifadhiwa kwa UTC, mipaka ya Machi yetu ni '2025-02-28 21:00:00' hadi kabla ya '2025-03-31 21:00:00'.

Tena, COUNT(uzito_halisi), inayohesabu safu ya uzito wa miwa bila lori, si sawa na COUNT(*), inayohesabu mistari yote. Lori lililoingia na mzigo lakini halijarudi kupimwa tupu lina NULL hapo, yaani hakuna thamani, na COUNT ya safu huruka NULL. Mkitaka safari, hesabuni mistari.

Kabla ya kumkabidhi mtu mfumo, wekeni rekodi nne za majaribio: Machi 1 saa 00:00:00, Machi 31 saa 00:00:00, Machi 31 saa 23:59:59, Aprili 1 saa 00:00:00. Jibu la Machi ni 3. Mkipata 2 mmemnyima mkulima, mkipata 4 mmehesabu lori la Aprili. Nani hapa amewahi kulifanya jaribio hili kabla ya kulipwa?