Pistoni za 165 hazikai kwenye 165 yangu. Katalogi ya spea inasomwaje?

Mwana_Ismani

Kamwene wakuu. Naombeni msaada, na mkicheka mcheke kidogo tu.

Nina Massey Ferguson 165 ya marehemu baba. Aliinunua mkononi mwaka 1974 kwa Mgiriki mmoja aliyekuwa akilima tumbaku huku Iringa, akalimia mahindi na alizeti mpaka mgongo ulipomkataa. Mimi nimeikuta chini ya mti, kuku wametaga kwenye kiti. Msimu uliopita nililima nayo ekari zangu na za majirani, ila tangu Machi inatoa moshi wa bluu, inakunywa oili kama imelaaniwa, na asubuhi bila kusukumwa haiwaki. Fundi wetu wa kijijini akafungua hedi, akaniambia ringi zimekwisha, slivu (mirija ambayo pistoni hutembea ndani yake) zimeliwa, kalete seti nzima.

Nikapanda basi hadi mjini, nikaingia duka moja, nikasema, "Seti ya pistoni ya Massey 165." Muuzaji hakuniuliza swali hata moja. Akavuta boksi kutoka shelfu ya juu, akapuliza vumbi, nikatoa laki sita na ushee, nikaondoka nikijiona mjanja. Kufika nyumbani fundi anaweka pistoni ya kwanza kwenye tundu: ikadumbukia, ikawa inacheza mle ndani kama mchi kwenye kinu. Nafasi iliyobaki inaingia penseli.

Nimerudi dukani. Jibu: "Umesema 165, nimekupa 165." Na kweli boksi limeandikwa hivyo hivyo, siwezi kubisha. Mali ikishatoka kaunta hairudi.

Sasa nasikia kuna vitabu vya spea, vina michoro ya kila kitu hadi nati. Naomba kujua vinapatikanaje, na mtu wa darasa la saba kama mimi anavisomaje. Novemba hiyo inakuja, na mvua ya kwanza ya Ismani haimsubiri mtu.

chuma_chakavu

Mkuu, uza kwa kilo, ongeza hela, tafuta Kubota. Trekta limekuzidi umri bado unalitafutia pistoni.

Mwana_Ismani

Ongeza hela wewe basi, mimi nitakuja na trela kuichukua hiyo Kubota.

Mzee_wa_Kaunta

Ugonile, kijana wa Ismani. Pole. Mimi nimesimama nyuma ya kaunta ya spea pale Mwanjelwa miaka ishirini na miwili, sasa nalima viazi Uyole, na kesi kama yako nimeiona hadi nimechoka kuihesabu. Huyo muuzaji hakukudanganya. Kosa lake ni kutokuuliza, na lako ni kumwambia jina la trekta badala ya jina la injini.

Sikiliza. 165 zilianza kutoka mwishoni mwa 1964. Zile za Uingereza za mwanzo zilifungwa injini ya Perkins AD4.203. Kuelekea mwisho wa miaka ya 1960 wakabadilisha, wakaweka A4.212. Boneti ile ile, jina lile lile ubavuni, rangi nyekundu ile ile. Moyo ni mwingine.

Na hayo majina ya Perkins yanasomeka ukishapewa ufunguo. Tarakimu ya kwanza ni idadi ya silinda, zinazofuata nukta ni ujazo wa injini kwa inchi za ujazo. Kwa hiyo 4.203 ni silinda nne, inchi 203. Ile 3.152 ya Massey 135 ni silinda tatu, inchi 152. Sasa angalia vipenyo. 203 pistoni yake ni inchi 3.6, yaani milimita 91.4. 212 ni inchi 3.875, milimita 98.4. Toa moja kwa nyingine unapata milimita 7. Hiyo ndiyo penseli yako.

Kwa hiyo nina hakika umeuziwa pistoni za 203, na yako si 203. Lakini usikimbilie kununua za 212! Iko 4.236 pia, nayo kipenyo chake ni hicho hicho 98.4. Tofauti ni mwendo wa pistoni: 212 inatembea milimita 114.3, 236 inatembea 127. Ukipima tundu kwa venia, kile kipimo cha vipenyo, huwezi kuzitofautisha. Na matrekta ya huku kwetu yamebadilishwa injini sana, maana injini ikifa mwaka ambao hakuna fedha za kigeni mtu anafunga anachopata. Nimewahi kuona 165 tatu zimesimama kwenye uwanja mmoja Chimala, na hakuna mbili zenye injini moja.

Dawa ni namba iliyogongwa kwenye bloku, mwili wenyewe wa injini. Si kibati cha kwenye dashibodi; hicho ni cha trekta, kinakusaidia kwenye gia boksi na haidroliki. Nenda ubavuni mwa bloku, upande wa pampu ya dizeli, na dizeli kidogo, brashi ya waya na tochi. Sugua. Kama injini ni ya kabla ya 1974 namba inaanza na ujazo wenyewe, 203 au 212, hapo hakuna fumbo. Kama ni ya 1974 kuja mbele inaanza na herufi mbili. Leta hapa hizo herufi mbili za mwanzo na ile ya mwisho kabisa, mimi nitakuambia.

Sasa kitabu. Zamani kilikuwa faili kubwa, kurasa zimelowa grisi mpaka zinang'aa, na ukurasa unaoutafuta wewe ndio umechanwa. Siku hizi Massey Ferguson iko chini ya AGCO ya Marekani, tangu 1994, na vitabu vya spea vinafunguka mtandaoni hata kwa simu yenye kioo kilichopasuka. Unachagua modeli, unaenda kundi: injini, klachi, gia boksi, ekseli ya mbele, haidroliki. Kila kundi lina mchoro wa vitu vilivyotawanywa hewani kwa mpangilio wa kufungwa, na kila kitu kina kinamba kidogo pembeni.

Hapo ndipo watu wanapoumia. Kinamba cha kwenye mchoro SI namba ya spea. Kuna bwana alitoka Tunduma hadi kwangu na karatasi imeandikwa "14, mbili, 22, moja". Nauli ya kwenda na kurudi, na kulala. Nikamwambia, mzee mwenzangu, kwenye kitabu hiki kila ukurasa una 14 yake. Kile kinamba kinakupeleka kwenye jedwali tu. Kwenye jedwali ndiko iliko namba yenyewe ya spea, idadi inayohitajika, na safu ya maelezo ambayo hakuna anayeisoma. Isome hiyo! Ndiyo inayosema kitu hiki ni kuanzia trekta namba fulani, au mpaka namba fulani.

Namba za Massey za zamani zina mkia. Ukiona M1 mwishoni, ni kipande kimoja. M2 ni kipande kile kile kilichofanyiwa marekebisho, kwa kawaida kinachukua nafasi ya M1. M91 ni kitu kilichokuja kimeunganishwa tayari, kwa mfano pampu nzima na si gasketi yake. Ukiandika namba ukaacha mkia, usije kulia.

Na kulia na kushoto kwenye vitabu hivi ni kulia na kushoto kwa dereva aliyeketi kwenye kiti anatazama mbele. Fundi anayesimama mbele ya radieta anakuletea ya upande wa pili.

MamaPawatila

Shikamoo mzee. Mimi niko Igurusi, nina pawatila (trekta za kusukuma kwa mkono) mbili na mashine ya kupura mpunga, na nimejifunza haya kwa kulipia. Nitaongeza la wale ambao mashine zao hazina kitabu kabisa, maana hizi zetu nyingine zimekuja bila hata jina la kueleweka.

Kuna vitu vimeandikwa vyenyewe mwilini. Beringi isafishe utazame pembeni. Yangu ya kwenye mashine ya kupura imeandikwa 6205. Kijana wa dukani alinifundisha: chukua 05 ya mwisho zidisha kwa tano, unapata 25, ndiyo tundu la shafti kwa milimita. 6208 ni 40. Inafanya kazi hivyo kuanzia 04 kupanda. 6308 nayo tundu ni 40, ila ni nene na pana, haiingii kwenye nyumba ya 6208. Zikifuatiwa na 2RS zina mpira pande zote mbili, ZZ ni bati. Huku kwenye vumbi la makapi mimi nataka za mpira, sijali wanasema nini.

Mkanda nao hivyo hivyo. B-72: B ni unene wa mkanda, 72 ni urefu wa ndani kwa inchi. Oili silli zina namba tatu, mfano 45-62-8: shafti, nyumba, unene. Hivyo tu.

Zamani nilikuwa namtuma mtu wa bodaboda na maneno, "mwambie beringi ya pawatila". Nimerudishiwa beringi za kila namna, nyingine hadi leo wanangu wanachezea matairi ya gari la mti. Siku hizi kitu kibovu chenyewe kinapakiwa kwenye basi la Costa, kinakwenda Mbeya kimefungwa kwenye khanga, na namba nimeipiga picha. Kikipotea njiani, picha ipo.

Mzee_wa_Kaunta

Marahaba mwanangu. Umenipunguzia kuandika. Nyongeza moja tu: namba ikifutika, usikisie. Pima tundu, pima nje, pima unene, andika vyote vitatu.

Mwana_Ismani

Wakuu, nimerudi. Shikamoo mzee. Nimesugua kutwa nzima ya jana. Namba ipo, ilikuwa chini ya grisi ya miaka yote niliyoishi duniani. Inaanza LD, katikati ina U, mwisho ina D. Nyingine zote zinasomeka pia, nimeziandika ukutani kwa mkaa.

Mzee_wa_Kaunta

Marahaba. Nilijua.

LD ni 4.236. Hiyo U ni Uingereza, ndiko ilikotengenezwa. Herufi ya mwisho ni mwaka: A ni 1974, B ni 1975, C 1976, D 1977. Sasa nieleze wewe, baba yako alinunuaje mwaka 1974 trekta lenye injini ya 1977?

Mwana_Ismani

Mzee, nimekaa na mama jioni nikamuuliza. Kwanza alicheka. Anasema mimi sijazaliwa, injini ya kwanza ilipasuka bloku, trekta likalala misimu miwili. Baba akauza ng'ombe wanne akaenda kununua injini ya kijiko (mashine ya kuchimbia) kilichokuwa kimeachwa na wajenzi wa barabara, akairudisha kwenye lori la magogo lililotoka Mafinga. Walishinda wiki nzima na fundi kuifunga. Anasema siku ilipowaka baba aliendesha hadi sokoni na kurudi bila kazi yoyote, apate kuonekana tu. Kitu hicho hakuwahi kunisimulia. Na boneti aliiacha imeandikwa 165.

Mzee_wa_Kaunta

Basi hesabu inakaa. 4.236 ilifungwa kwenye mashine nyingi sana, vijiko vya JCB vya enzi hizo vikiwemo, na ndiyo sababu spea zake hazisumbui hadi leo.

Kwa hiyo ukienda dukani usitaje 165. Sema "Perkins 4.236", halafu toa namba nzima na herufi zake zote, maana hata ndani ya LD vitu vinatofautiana, na zile tarakimu zinazofuata LD ndizo zinazoonyesha orodha ya injini yako. Slivu ziulize kama zimemalizwa au bado za kuchongwa. Zikiwa bado, bloku lazima liende kwa mchongaji, si kazi ya chini ya mti. Na kabla hujanunua metali za krenki (vikombe vya chuma ambamo krenki huzungukia), krenki ipimwe kwanza. Ikisagwa utahitaji za 010, 020 au 030, yaani elfu za inchi zilizosagwa. Isiposagwa ni stendadi. Usikubali kuuziwa metali na mtu ambaye hajauliza swali hilo. Klachi usifuate injini ya kijiko inavyosema. Klachi ni ya 165, hiyo ndiyo utatumia kibati cha dashibodi.

Wa_Makambako

Samahani wakuu, nilikuwa nasoma kimya kimya. Mwana Ismani, mimi nina 165 ya zamani, nimetoka sasa hivi kusugua bloku kwa sababu ya uzi huu. Yangu inaanza 203. Ile seti uliyouziwa kwa makosa bado unayo?

Mwana_Ismani

Ipo kwenye boksi lake, pistoni moja tu ndiyo ilitoka nje. Ringi hazijavuliwa nailoni.

Wa_Makambako

Piga picha namba iliyo kwenye boksi. Na mkia wake. Nitakuja Jumamosi na venia yangu mwenyewe.