Naomba ushauri: safari ya siku moja kwa gari kutoka Mwanza, kusoma miamba na udongo wa njiani

Mwalimu wa Igoma

Wanajukwaa, nawasalimu nyote, na wakubwa zangu shikamooni.

Mimi ni mwalimu wa Jiografia katika shule moja ya sekondari hapa Mwanza. Mwezi uliopita niliwachukua wanangu wawili pamoja na baba yangu mzazi, tukaenda kwa gari hadi Shinyanga na kurudi siku hiyohiyo, nikiwa na nia ya kuwaonyesha jinsi sura ya nchi inavyobadilika. Tuliyaona majabali kuanzia Mkuyuni hadi Buhongwa, tukayasifu sana, kisha tulipoipita Misungwi watoto wakalala, na mimi mwenyewe nikajikuta sina la kuwaeleza isipokuwa kwamba nchi imekuwa tambarare. Nilirudi nimefadhaika, kwa sababu kila mwaka nafundisha darasani namna miamba inavyovunjika na kuoza, lakini nikiwa nyuma ya usukani sikuweza kuunganisha jambo moja na jingine.

Nataka kurudia safari hii Jumamosi moja, baada ya wiki mbili. Naomba mnishauri kati ya barabara ya Shinyanga, ya Geita na ya Musoma, ipi inafaa, tusimame wapi, na tukishasimama tutazame nini. Gari letu ni dogo na liko chini, na baba ana miaka 74, hawezi kupanda mawe.

Dereva wa Ghuba

Mwalimu, mimi ningekwenda Geita. Tangu Daraja la Kigongo–Busisi lifunguliwe Juni 2025, hakuna tena kupanga foleni ya kivuko, na ukiwa juu ya daraja hilo la takriban kilomita 3 unaiona Ghuba ya Mwanza jinsi ilivyo: bonde refu lililojaa maji, lenye vilima vya mawe pande zote mbili. Ukiipita Sengerema na kuikaribia Geita, mawe yanabadilika. Yale ya mviringo yanapungua na vilima virefu vyenye migongo vinaanza, na ndani yake kuna miamba yenye mistari ya chuma, mstari mwekundu au mweusi ukifuatwa na mstari wa rangi nyepesi, kama kitambaa kilichofumwa. Dhahabu ya Geita imo katika ukanda huo wa miamba. Mzee ataviona vilima bila kushuka garini.

Mpimaji Mstaafu

Mwalimu, Geita ni pazuri, na mistari ya chuma anayoisema ndugu yangu Dereva ni ya kweli, lakini ningeiweka safari ya pili. Hata barabara ya Shinyanga ina kila ulichokitafuta, ila ulikitafuta vilimani peke yake. Nimepima udongo wa barabara katika mikoa hii kwa miaka mingi, na ushauri wangu ni kwamba mchague mteremko mmoja unaoanzia kwenye jiwe na kuishia mbugani, yaani kwenye udongo mweusi wa bondeni, mkausome wote kuanzia juu hadi chini.

Anzeni na jiwe lenyewe. Majabali ya Mwanza ni itale, ambalo wengi tunaliita granaiti, na umri wake ni zaidi ya miaka bilioni 2.5. Liliganda polepole, chini sana ardhini, ndiyo maana chembe zake ni kubwa kiasi cha kuonekana kwa macho: kwatsi inayong'aa kama kioo kilichovunjika, feldispa nyeupe au ya waridi, na vipande vyeusi vya ulanga. Mwamba huo ulipasuka nyufa za kusimama na za kulala, na maji yakapenya katika nyufa hizo wakati mwamba ungali umefunikwa na udongo. Pembe ya jiwe huliwa na maji kutoka pande tatu kwa wakati mmoja, kwa hiyo huisha upesi kuliko uso wake, na kipande kilichokuwa na umbo la tofali kikawa mviringo. Baadaye mvua zikauosha ule udongo laini, na viini vigumu vikabaki kimoja juu ya kingine. Watu huuliza nani aliyapanga mawe ya Mwanza. Hayakupandishwa na yeyote. Kilichoondoka ni udongo uliokuwa umeyazunguka. Jiwe la Bismarck, lile la ziwani karibu na kivuko cha Kamanga, limebaki vivyo hivyo.

Sasa sikiliza sehemu ambayo nadhani ndiyo iliyokosekana katika safari yako. Feldispa ikioza hugeuka kuwa mfinyanzi, lakini kwatsi haiozi. Teka kiganja cha changarawe chini ya jabali lolote pale Igoma au Kisesa, uifikiche: utakuta chembe za kwatsi zenye pembe kali zinazochoma ngozi, kwa kuwa hazijasafiri mbali. Mfinyanzi mwingi haupo hapo, umechukuliwa na maji kwenda chini. Kwa hiyo juu hubaki udongo wa kichanga, ambao kwa Kisukuma unaitwa luseni, na huko ndiko utakakoona mihogo na karanga. Chini yake kuna itogolo, udongo mgumu unaotuamisha maji, ambako wakulima hutengeneza majaruba ya mpunga. Bondeni kabisa ni mbuga, udongo mweusi mzito. Mtaalamu wa udongo Geoffrey Milne, aliyekuwa akifanya kazi Amani kule Tanga, aliupa mpangilio wa namna hii jina la katena katika miaka ya 1930, neno la Kilatini lenye maana ya mnyororo. Wakulima wa Usukumani wanaujua mnyororo huo kwa jembe.

Hivyo nendeni barabara ya Musoma, na msimame mara tatu tu. Kisesa kwa ajili ya jabali na changarawe. Mteremko wa kushukia Mto Simiyu pale Magu kwa ajili ya luseni, itogolo na mbuga. Kisha Lamadi, ambako Ghuba ya Speke iko upande wenu wa kushoto na nchi imelala. Njiani, barabara ikianza kuwa na mawimbi na nguzo za umeme zikianza kuinama, mjue mnapita juu ya mbuga, kwa sababu mfinyanzi ule huvimba ukilowa na hunywea ukikauka.

Binti wa Magu

Mwalimu, naunga mkono kila neno la Mzee Mpimaji, ila naomba niongeze tahadhari. Mwezi Aprili wa mwaka juzi nililiingiza gari langu mbugani, kama mita kumi tu kutoka lami, nikidhani ardhi imekauka kwa kuwa juu ilikuwa na ganda. Tairi zilizama hadi ekseli, na udongo ule ulishika kwenye viatu hata kila mguu ukawa mzito kama tofali la kuchoma. Tulivutwa na trekta jioni. Kwa hiyo acheni gari mahali palipotengwa kwa kuegesha au kwenye uwanja wa duka, mtembee kwa miguu hadi shambani, na muombe ruhusa kwa mwenye shamba. Msisimame kwenye kona wala karibu na daraja, kwa kuwa mabasi yanakuja kwa kasi, na nanyi vijijini mshikilie kilomita 50 kwa saa. Mkifika lango la Ndabaka mbele ya Lamadi, kumbukeni kwamba ile ni Hifadhi ya Serengeti, na humo hairuhusiwi kuokota hata jiwe.

Mwalimu wa Igoma

Mzee Mpimaji, shikamoo. Nimekusoma mara tatu na nimeamua: tunakwenda Lamadi. Nina swali moja ambalo mwanangu mdogo ameniuliza. Visiwa vinavyoonekana ziwani, kama Saanane, navyo vina mawe kama ya Bugando. Je, mawe hayo yaliota majini?

Mpimaji Mstaafu

Marahaba, mwanangu. Mwambie mjukuu wangu kwamba mawe yalitangulia na ziwa likaja baadaye sana. Zamani mito ya ukanda huu ilikuwa ikielekea magharibi, kisha ukingo wa Bonde la Ufa upande ule ukainuka polepole, mito ikakosa pa kupita, na maji yakatandaa katika sinia pana. Ndiyo maana Ziwa Victoria, pamoja na ukubwa wake wote, lina kina cha mita 80 hivi tu mahali penye kina kirefu, ilhali Tanganyika, lililomo ndani ya ufa wenyewe, linapita mita 1,400. Saanane ni kilima kama cha Bugando, ila miguu yake imo majini. Kuna wakati ziwa lote lilikauka, yapata miaka 15,000 iliyopita, na mtu angeweza kutembea kutoka kilima hadi kilima.

Mwalimu wa Igoma

Tumerudi jana jioni salama. Pale Kisesa watoto walifikicha changarawe hadi vidole vikawa vyekundu, na mkubwa akaniambia kwamba haina vumbi la mfinyanzi, kabla sijamwonyesha. Lakini aliyefundisha siku nzima ni baba. Aliendesha trekta la pamba ujanani mwake, na tulipoanza kuteremka kuelekea Simiyu alikuwa akitaja jina la udongo kabla hatujafika, kwa kuangalia mazao tu: luseni, luseni, bado, sasa itogolo. Miaka yote hii sijawahi kumuuliza.

Kwenye shamba moja la mbuga, mwenye nyumba alituruhusu kuingia, kukiwa kukavu kabisa. Nyufa zilikuwa pana kiasi cha kumeza mkono wa mwanangu hadi kiwiko. Ndani ya bonge moja jeusi tulikuta vijiwe vyeupe, vidogo kama punje za mahindi, vinavyopasuka kwa kucha. Nimekuja navyo vinne. Je, ni kwatsi?

Mpimaji Mstaafu

Kwatsi haipasuki kwa kucha. Hiyo ni chokaa: maji yanayoteremka hubeba chumvi zilizoyeyuka kutoka kwenye miamba, na bondeni yanapokauka huziacha ndani ya udongo. Ponda kijiwe kimoja, ukidondoshee siki au maji ya limau, ukitazame kwa karibu.

Mwalimu wa Igoma

Kimetoa mapovu. Watoto wamekwisha ponda vitatu, na baba amekificha cha nne ili nikipeleke darasani Jumatatu.