Mahakama Kuu kuwapangia mahakimu siku ya kumaliza kesi za ndoa: ni haki au kuruka foleni?

Wakuu, hili tulijadili bila jazba. Mtu ana shauri la talaka na malezi ya watoto mahakama ya chini, linaahirishwa tu. Anapanda Mahakama Kuu, nayo inaitisha jalada na kuelekeza shauri limalizwe haraka. Wengi wanashangilia. Mimi nasita.

Si kwamba ucheleweshaji siujui. Nimekaa kwenye mabenchi ya korido nikimsindikiza dada yangu. Saa mbili asubuhi tumefika. Saa sita karani anatoka na rundo la majalada, anaita, anasema wakili wa mdaiwa ana udhuru, rudini mwezi ujao. Hakimu hata hatujamwona. Dada akaandika tarehe mpya nyuma ya hati ya wito, chini ya nyingine saba. Shauri lilipofunguliwa, mtoto anayegombewa alikuwa bado ananyonya. Sasa anajua kuandika jina lake.

Lakini nani anayeweza kupanda huko juu? Aghalabu mwenye wakili. Amri ikishuka, jalada lake linapanda juu ya rundo na la mama asiye na wakili linateremka. Ibara ya 107A ya Katiba yetu ya Tanzania inakataza kuchelewesha haki bila sababu ya msingi, sawa, ila ibara hiyohiyo inataka haki itendeke bila kujali hali ya mtu kiuchumi. Hiyo ya pili huwa tunairuka.

Pakistan angalau wameiandika kwenye sheria ya mahakama za familia: miezi 6, ikipita bila uamuzi, upande wowote unaweza kuomba maelekezo Mahakama Kuu. Kipimo ni kimoja kwa wote.

Kwangu dawa ipo karibu zaidi. Sheria ya Ndoa ya 1971 inairuhusu mahakama kumwamuru mume atoe matunzo ya mke wakati shauri linaendelea. Hayo yakiamriwa mapema na kusimamiwa, huyo wa udhuru kila mwezi ataanza mwenyewe kuuliza kesi inaisha lini. Mnasemaje?

Mchangiaji wa kwanza: Mkuu, umesahau kwamba wanaochelewesha si waume peke yao. Na bila amri ya juu watu hawashtuki. Langu lilikaa miaka minne. Amri ilipokuja, wiki tisa tu, hukumu mkononi. Foleni za wengine sikuwa na nafasi ya kuziwaza.

Mchangiaji wa pili: Hongera. Kwenye hizo wiki tisa mashahidi wako wote walisikilizwa?

Mchangiaji wa kwanza: Wangu ndiyo. Wa mwenzangu wawili kati ya watano, wengine walikuwa safarini.

Mchangiaji wa pili: Na yeye katulia?

Mchangiaji wa kwanza: Amekata rufaa. Hoja yake ya kwanza ni hao watatu.